Jeconia Wamalwa, Mkataji Filamu Aliyewajua Watu Wasiomjua

Alhamisi tarehe 31 Desemba 1959, Mzee Jeconia Wamalwa atavua glavu zake nyeupe, atazima taa ya meza yake na kustaafu, baada ya kuitumikia Idara yetu ya Sinema hapa Ruiru kwa miaka ishirini na miwili. Mhariri wa jarida hili ameniomba niandike wasifu mfupi wa kuchangamsha. Ufupi nitajaribu. Kuchangamsha nako nitajaribu, maana kazi yangu mimi Opiyo ni kusema kwenye kipaza sauti cha gari la sinema, na mtu akinipa nafasi ya kusema simrudishii upesi. Lakini naonya mapema kwamba ndani ya wasifu huu kuna upweke mwingi, na wasomaji wengine watajiona humu. Wasinikasirikie mimi.

Wapo wafanyakazi wa hapa hapa ambao mpaka leo hawajui Mzee Jeconia hufanya nini. Wanamwona akiingia chumba cha nyuma asubuhi, kile chenye madirisha yaliyopakwa rangi nyeusi, na jioni wanamwona akitoka huku akipepesa macho. Zile glavu zimewachanganya wengi. Kuna waliodhani ni mpishi wa wazungu, na mama mmoja wa soko la Ruiru aliwahi kumletea mtoto mwenye jino bovu akiamini amempata daktari. Kazi yake ni hii: wapiga picha wakirudi kutoka mashambani huleta makopo ya filamu ambayo hayana kichwa wala miguu. Mtu anakula kabla hajapika, mvua inanyesha halafu ndiyo mawingu yanakuja. Jeconia huketi gizani, akatazama, akakata, akapanga, akaunganisha kwa gundi, mpaka ikawa hadithi ambayo mimi naweza kusimama mbele ya watu nikaisimulia. Filamu zetu hazina sauti. Sauti ni mimi. Lakini bila yeye ningekuwa napiga kelele tu.

Alizaliwa upande wa Kimilili, akaja Thika mwaka 1937 kutafuta kazi kwenye mkonge. Hakukaa sana shambani. Walimweka kwenye ghala kushona magunia yaliyopasuka, na huko ndiko fundi wetu wa zamani, Mgoa aitwaye D'Mello, alikoona gunia lililoshonwa hata mshono hauonekani. Akauliza ni nani amelishona. Akaambiwa ni kijana mmoja wa Kibukusu asiyesema sana. D'Mello alimchukua papo hapo, akamfundisha kushika filamu kwa kingo zake bila kuigusa katikati, akamfundisha gundi na mkasi, na vita vilipokwisha akarudi kwao Goa na kumwachia chumba chote. Tangu hapo chumba kile kimekuwa cha mtu mmoja.

Filamu alizozikata ni nyingi, na nyingine mmeziona bila kujua ni mikono ya nani. Ile ya kusafisha vibuyu vya maziwa, ile ya kupanda mananasi kwenye mteremko, ile ya kuchimba choo. Hiyo ya choo iliniaibisha sana. Mkubwa wetu wa wakati ule alitaka iwe fupi, basi Jeconia akaikata fupi. Mtu anapiga jembe mara moja, ukipepesa jicho shimo limemmeza. Tulipoionyesha kule Gatundu, wazee wawili walisimama wakasema wao hawatachimba choo kwa uchawi. Nililisemea shimo lile mpaka koo likakauka, na hawakunielewa. Niliporudi nikamweleza Jeconia. Hakucheka. Aliifungua filamu upya akarudisha jasho, akarudisha mtu yule akipumzika, akanywa uji, akatema mate mikononi, akashika jembe tena. Watu wakaona kazi, wakaanza kuchimba.

Na kuna jambo moja ambalo hakulikubali kamwe, hata alipofokewa: kukata salamu. Katika filamu zetu kila mara kuna mgeni anayefika nyumbani kwa watu, mara bwana shamba, mara mwuguzi. Wakubwa walisema salamu zinakula filamu bure, mgeni afike aanze kufundisha. Jeconia akawaambia kwa heshima kwamba mtu anayeingia boma la mwenziwe bila kumsalimia mama wa nyumba, na mzee aliyeketi pembeni, na watoto wanaoinamisha vichwa ili awashike kwa salamu, huyo hana cha kumfundisha mtu, na watazamaji hawatamsikiliza. Basi salamu zilibaki, nzima nzima, mkono kwa mkono. Wapiga picha walinung'unika. Mimi niliyekuwa nikisimama mbele ya watu nilijua ana haki, kwa sababu hapo ndipo ukumbi wote ulipokuwa ukitulia na wazee wakiitikia salamu za mtu aliye kwenye kitambaa cha sinema.

Nilimzoea kwa njia ya ajabu kidogo. Siku zangu za kwanza hapa nilipita mlangoni pake nikamsikia akiongea. Anasema mama sogea kidogo, anasema mzee leo umeamkaje. Nikafikiri ana wageni, nikaenda kuleta chai, vikombe viwili. Kumbe yuko peke yake. Alikuwa akiongea na watu wa filamu. Alikuwa amewapa wote majina, maana majina yao halisi hakuna aliyemletea. Mzee wa Kofia, Mama Kicheko, yule Mkaidi wa Mihindi. Anakaa nao mwezi mzima, miezi miwili, anawaona wakipiga chafya, wakifuta kamasi za watoto, wakisahau kwamba kuna mtu anawapiga picha. Akishamaliza anawajua kuliko majirani zao. Na wao hawajui kama yupo duniani. Chai ile ya pili niliinywa mimi, na urafiki wetu ukaanzia hapo.

Kwa hiyo alikuwa na tabia ambayo, nadhani, ni wakataji filamu pekee wanaoweza kuwa nayo. Akienda Thika siku ya mapumziko alikuwa akiwasalimia watu wasiomjua. Siku moja tulikuwa sote karibu na stesheni akamkuta mtu wa kunyunyizia kahawa dawa, ambaye filamu yake aliikata kwa majuma matatu, akamshika mkono kwa furaha akamwambia aache kujikuna sikio, litatoka kidonda. Yule bwana alimtazama, akanitazama mimi, akaenda zake akijikuna. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Jeconia naye alicheka. Wakati ule tulikuwa bado tunacheka.

Sasa nafika mahali pazito, na nitapita hapo bila kuruka.

Mwaka 1951 wapiga picha wetu walitengeneza filamu ya kuwafundisha akina mama namna ya kuwakinga watoto na moto wa jikoni. Walimpata mama mmoja si mbali na hapa, Waithira, mke wa Ndung'u, ambaye binti yake alikuwa ameungua mkono kidogo na anafungwa kitambaa kwenye dispensari yetu na mwuguzi Magdalene. Wakafika asubuhi moja, wakapiga picha nyumba, mafiga, mtoto, mbuzi, wakashukuru wakaondoka. Jeconia aliikata filamu ile kwa mapenzi makubwa. Mtoto yule alikuwa na umri wa miaka minne hivi, na alikuwa na mchezo wa kumlisha mbuzi uji kutoka bakuli lake mwenyewe mama akigeuka upande wa pili. Jeconia alimwita Toto. Alikuwa akiniita niende nione Toto leo amefanya nini, wakati filamu ni ile ile ya jana.

Filamu ikazunguka Nyanza, ikaenda Ukambani, ikafika hata Voi. Huku haikuonyeshwa, kwa sababu hali ya hatari ilitangazwa na gari langu likakatazwa kuingia vijiji vya huku. Kwa hiyo Waithira hakuwahi kuiona. Hakujua sanduku lile la picha la wageni lilifanya nini na nyumba yake.

Januari ya 1954 Jeconia alikwenda soko la Thika kununua nduma. Akainua macho akamwona muuzaji ni Waithira. Kwa Jeconia huyu alikuwa mtu wa nyumbani. Akamsalimia kwa uchangamfu, akamwuliza mkono wa mtoto umepona, na je, bado anamlisha mbuzi uji wake mama asipoangalia.

Mtoto alikuwa amekufa. Homa ya mapafu ilimchukua wakati wa mvua za mwaka uliotangulia, mkono ukiwa umeshapona kitambo. Waithira aliinuka akaacha nduma zake pale chini, akaenda. Jeconia alibaki ameshika pesa mkononi hajui amekosea wapi.

Hebu fikirieni upande wa mama huyo, katika mwaka ule. Mtu asiyemjua, anayesema Kiswahili cha watu wa magharibi, anayepita vizuizi vya askari bila kusumbuliwa sana, anajua ndani ya nyumba yake kulikuwa na mbuzi na bakuli. Anajua hata mtoto alifanya nini mama alipogeuka. Ameyajuaje? Wote tunakumbuka wale watu waliofunikwa gunia kichwani wakinyoosha kidole kuwauza wenzao kwa askari. Na miezi mitatu baadaye Nairobi ikazingirwa, na Ndung'u, aliyekuwa akifanya kazi huko, akachukuliwa pamoja na maelfu. Mambo ya serikali si ya jarida hili. Nasema tu kwamba Waithira aliweka moja na moja pamoja, akamwambia dada yake, dada yake akawaambia wanawake wa bombani, na kabla mahindi hayajachanua Ruiru nzima ilijua kwamba mzee wa glavu nyeupe ni mtu wa kunyoosha kidole.

Yeye mwenyewe hakujua. Alichoona ni kwamba kanisani benchi alilokalia lilikuwa likibaki na nafasi. Kwenye hoteli ya karibu na stesheni chai yake ilikuja, moto na sukari ya kutosha, lakini mazungumzo yalikoma mpaka amalize. Kinyozi alikuwa na watu wengi kila siku ambayo Jeconia alitaka kunyolewa, na watu wenyewe hawakuonekana. Alifikiri labda ananuka gundi. Akaanza kuoga mara mbili. Mimi nilikuwa safarini na gari, na niliporudi nikasikia maneno yale kwa mlinzi wa lango, nikamweleza yote bila kupunguza: kwamba mtoto amekufa, kwamba Ndung'u amechukuliwa, na kwamba watu wanasema ni yeye. Ndugu zangu, nimewahi kuona watu wakipewa habari mbaya. Huyu hakujitetea hata kidogo. Aliniuliza tu Toto alikufa lini, akataka nimwambie mwezi, nami sikuujua. Kisha akaniambia kwamba kwa hiyo siku zote zile za karibuni alipokuwa akiirudia filamu na kumwona anacheka, mama yake alikuwa ameshamzika.

Alitaka aende akamweleze Waithira. Nikamkataza, na alielewa kwa nini. Watu wa kule walikuwa wamehamishwa kwenye kijiji kipya chenye handaki na lango. Mtu anayeshukiwa kwamba anawauza watu, sasa aanze kuuliza Waithira anaishi nyumba ipi? Angemwongezea mama yule hofu. Hakwenda. Na kuanzia mwaka ule hakumsalimia tena mtu yeyote kwanza. Ukimsalimia ataitikia, tena vizuri, atasimama, atakuuliza habari za nyumbani. Lakini yeye haanzi. Mtu aliyegombana na wakubwa asikate salamu za watu kwenye filamu alikuwa akipita barabara ya Ruiru kama anapita msituni.

Mkewe Nakhumicha na binti yao Jentrix walikuwa wamebaki Kimilili kulinda shamba, kama ilivyo kwa wengi wetu. Jentrix alikua kwa kurukaruka: likizo moja anatambaa, likizo nyingine anachota maji, nyingine anamwonea baba yake haya. Mwaka 1955 Jeconia aliwaita waje wakae naye, maana nyumba ilimshinda. Walikuja na kuku wawili na furaha nyingi. Nakhumicha alipofika bombani kila asubuhi akina mama walichukua madebe yao wakaenda, hata yasiyojaa. Si kwamba walimtukana, hapana. Walikwenda tu. Alivumilia majuma machache, kisha akamwambia mumewe kwamba kuna kupanda nyumbani. Haukuwa msimu wa kupanda, na wote wawili walijua. Niliwapeleka stesheni kwa gari la sinema.

Mwishoni mwa 1956 gari langu likaruhusiwa kuingia vijiji vipya. Kwa sababu ya kafyu tulikuwa tukionyesha mchana, ndani ya ukumbi, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Kijiji cha Waithira kilikuwa cha pili kwenye safari yetu. Nilifurahi mno. Nikabeba ile filamu ya moto na watoto, nikamwambia Jeconia kwamba sasa mambo yamekwisha: wataona nyumba, wataona mbuzi, wataona bakuli, watajua ulijuaje. Utakuwa mtu tena. Jeconia alitoka nje na glavu zake, akaingia kwenye gari langu, akalitoa lile kopo akarudi nalo ndani.

Tuligombana kweli. Nilimwambia maneno ambayo siwezi kuyaandika kwenye jarida la ofisi. Yeye alisema jambo moja tu: kwamba mama yule ataingia ukumbini kutazama sinema kama watu wote, hajui lolote, halafu mtoto wake aliyekufa atokee kwenye kitambaa akimchekea, mbele ya kijiji kizima. Mimi nikasema ni dakika chache, na jina lako je? Akasema jina lake litasubiri. Jina lake lilisubiri mwaka mzima. Kila safari nilimwuliza, na kila safari kopo lilibaki kwenye rafu.

Aliyepata njia ni Magdalene wa dispensari, ambaye mkono wake mwenyewe unaonekana kwenye filamu ukifunga kitambaa. Jeconia alimwomba, kama nafasi itapatikana, amwambie Waithira polepole kwamba ipo picha ya mtoto, inayotembea, na kwamba akitaka kuiona aione peke yake, na asipotaka basi isizungumzwe tena. Magdalene alimwambia. Miezi ikapita. Kisha asubuhi moja ya mwaka 1958 akatokea langoni kwetu na Magdalene, amejifunga leso safi, amekunja mikono.

Nilikuwepo, ndiyo maana naweza kuandika. Jeconia alisimama mlangoni akashindwa kutoa salamu. Waithira ndiye aliyeanza. Kisha wakaingia kwenye kile chumba ambacho hakikuwahi kuwa na mgeni, tukamletea mama kiti changu. Jeconia akaweka filamu kwenye kile kimashine kidogo cha kutazamia, akauzungusha mkono wa mashine pole pole. Mtoto akatokea. Waithira akasema Ngai, yaani Mungu, kwa sauti ndogo sana, akatazama mpaka mkanda ukaisha. Akaomba tena. Akaomba tena. Mara ya tatu, au ya nne, akamwambia Jeconia kwamba jina lake ni Wamboi.

Jeconia alilitamka lile jina mara kadhaa. Kisha akauliza jambo ambalo naona lilikuwa limemkaa moyoni miaka yote hiyo. Kuna mahali mtoto anamgeukia mama yake na kusema kitu, midomo inaonekana, sauti hakuna. Alikuwa akisema nini? Waithira akatazama, akacheka na kulia kwa pamoja. Akasema alikuwa akimwambia kwamba sanduku la hawa wageni lina jicho moja tu, maskini. Jeconia naye akamweleza mambo yaliyompita mama siku ile: uji wa mbuzi wote, na namna Wamboi alivyokuwa akiramba mdomo kabla ya kucheka. Mama mmoja na mzee mmoja, kila mmoja ana nusu ya mtoto, wakapeana. Magdalene na mimi tulitoka nje. Mimi nililia, sioni haya kusema.

Waithira aliomba kitu kimoja. Alisema hataki mtoto wake azungushwe nchi nzima akitazamwa na watu wasiomjua. Mkubwa wetu alikubali. Jeconia akamtoa Wamboi kwenye filamu, kipande kwa kipande, akamkabidhi mama yake. Kwa hiyo, ninyi mnaoshangaa kwa nini siku hizi namsimulia mtoto aliyeungua mkono na hamwoni mtoto wala mkono, sasa mmejua. Ilikuwa filamu bora kuliko zote alizokata, na aliiharibu mwenyewe kwa furaha.

Waithira hakunyamaza. Aliwaambia dada yake na wale wa bombani kwamba mzee yule hakufika nyumbani kwake wala hakumwuza mtu. Mwaka huu Ndung'u naye amerudi, na amesema wazi kwamba siku ile Nairobi walizolewa wote mtaa mzima, hakuna aliyenyooshewa kidole. Jambo likaisha. Watu wa Ruiru wote wanajua.

Na bado benchi lina nafasi. Hapo ndipo ninapokasirika. Nimewauliza baadhi yenu, na mmenijibu vizuri: si chuki tena, ni aibu. Mtu uliyemhama miaka mitano utaanzaje kumwambia habari za asubuhi? Utamtazama wapi? Kinyozi ameniambia anatamani sana kumnyoa, ila hajui aseme nini akishika kichwa chake. Na Jeconia, kwa upande wake, haanzi. Nimeshamwambia hata mimi ameniudhi. Anajibu kwamba mara ya mwisho alipoanza yeye, mama wa watu aliacha nduma zake chini akakimbia. Basi mko hivyo, huku mnatamani, huku anatamani, na siku zinaisha.

Mkubwa wetu alimwuliza angependa filamu gani ionyeshwe siku ya kumuaga. Zipo nyingi, na zote ni zake. Akasema hataki filamu. Anaomba mapazia yafunguliwe, iwe asubuhi, aone watu walioketi na ajue kila mtu anaitwa nani. Basi ndivyo itakavyokuwa: Alhamisi saa nne, ukumbi wetu, chai na mandazi. Waithira na Ndung'u wamesema watakuja. Magdalene atakuja. Nakhumicha na Jentrix wanakuja kutoka Kimilili kumchukua mzee wao. Akina mama wa bombani, nadhani mmenisikia nilipotaja jina la Nakhumicha.

Kwa niaba ya Idara ya Sinema, na kwa niaba ya watu wa Nyanza, Ukambani na Voi waliojifunza kutokana na mikono yake bila kumjua, namshukuru Mzee Jeconia kwa kazi yake yote. Namshukuru kwa niaba yangu pia, maana nitabaki na mlango wa kile chumba na sitakuwa na mtu wa kupelekea kikombe cha pili. Nitamkosa sana, na sitapata wa kumwambia.

Siku hiyo mtamkuta amesimama karibu na mlango. Hatawaita, na si kwa sababu ya majivuno. Anaogopa. Asiyejua aseme nini asitafute maneno makubwa, aseme yale tunayosema kila siku. Na ili mtu asiseme hakuna aliyetangulia, naanza mimi, hapa hapa, mbele ya wote: Mzee Jeconia, umeamkaje? Nakhumicha hajambo? Jentrix je, bado ana haya? Mvua imenyesha Kimilili? Nenda salama, mzee wangu, ukae vizuri na watu wako, na Mungu akupe majirani wa kukuamsha kwa salamu kila asubuhi.